Dakika Nne za Mama

Rugenge, 4/3/2024

Mama mupendwa,

Jambo yako. Ule mugongo unaendeleaje? Minye niko salama.

Unajua kazi yangu ya montaje: wengine wanapiga picha, minye nazikata na kuziunga. Miaka kumi na moja nimeunga filamu za wengine. Sasa nimemaliza yangu, niliyoiongoza mwenyewe. Maneno yako yamo, dakika nne nzima: namna baba mudogo Kizito alivyochukua shamba letu la mupunga tulipomaliza tu kumzika baba. Mwezi wa tano tutaionyesha huko kwanza, mu kanisa.

Mutoto wako, Victoire

Mutarule, 19/3/2024

Mutoto wangu,

Salamu kwako na majirani wa Rugenge. Mugongo bado unauma.

Kizito alikuja. Amesikia. Anasema ukionyesha ile filamu nitatoka mu nyumba hii, maana nayo ni ya ndugu yake, baba yako. Unitoe, Victoire. Weka watu wengine.

Mama yako

Rugenge, 22/3/2024

Mama,

Pole na maumivu.

Nimetoa watu wengi. Mwenye filamu anasema toa huyu mwanamke, natoa, na hakuna anayejua alikuwepo. Weye sitakutoa kwa amri ya Kizito. Kama ni weye mwenyewe unakataa, uniandikie yeye akiwa mbali, na filamu sitaionyesha kabisa. Bila weye si yangu.

Mutoto wako

Mutarule, 6/5/2024

Victoire,

Uko muzima? Usikasirikie kimya changu, nilikuwa nahama. Niko kwa Honorine, mujane mwenzangu, na vyungu vyangu na mbuzi. Ile nyumba Kizito aichukue. Sasa hana kitu cha kunitishia. Uniache mu filamu. Usikate hata pale ninapokohoa.

Mama yako

Mutarule, 27/5/2024

Mutoto wangu,

Umeamkaje? Mvua ilikata barabara, hukufika, basi nikuambie. Yule Sévère uliyemutuma na filamu alikuwa amefika kabla ya mvua. Alitundika shuka mu kanisa, watu wakajaa hadi madirishani. Kizito alikaa mbele. Sura yangu ilipotokea, alisimama akamwamuru Sévère azime mashini. Nami nikasimama.

“Kaa chini, Kizito,” nilimwambia. “Bado nasema.”

Alikaa kidogo, halafu akatoka. Filamu iliendelea.

Shamba hajarudisha. Lakini asubuhi Honorine na wanawake sita walikuja na majembe, tukaingia, tukalima hadi saa sita. Kizito alitutazama toka barabarani. Kesho tunarudi.

Mama yako