Mumetu Alivyolazwa Mezani

Pongwe, nyumbani kwa meneja wa mkonge

Mwanahamisi, mke mwenzangu,

Huna haya wewe. Uliaga unakwenda Mkwaja kumwuguza mamako. Mamako kapona, nasikia anauza vitumbua, nawe umeganda huko huko. Umeniachia mume peke yangu, na mie kizee. Haya, hujambo lakini? Mama kifua kimemwachia? Mimi mzima, ila mikono imebabuka kwa kufua shuka za Wazungu. Anayeniandikia ni mpishi wetu, nimemwapisha asinipambie maneno.

Sasa sikia habari ya mjukuu wangu Salehe, huyo mumeo ninayemwita mumetu. Wiki iliyopita walikuja wageni wa Kizungu kutoka mjini, kupumzika. Wakapatana mchezo: asiseme mtu. Kula, kucheka, kugombana, yote kwa mikono na macho, mwenye kutamka neno kashindwa. Hata watumishi wa mezani, Salehe mmoja wao, wakaambiwa wafumbe vinywa. Mimi wa uani hakuna aliyenambia.

Jumamosi mchana nikapeleka vitambaa nilivyopiga pasi. Nikabisha hodi, kimya. Nikabisha tena, kimya, na viatu vyao navisikia. Nikaingia. Wallahi, wameizunguka meza, wake kwa waume, vinywa wazi, mabega yanatikisika kwa kicheko, sauti hamna. Mezani kalazwa mtu, kafunikwa shuka nyeupe. Nyayo zimetokeza. Nikazijua, za Salehe.

Mimi ni mwosha maiti, unanijua. Sikulia. Nilimgeuza akaelekea kibla, nikamfunua uso, nikachana ukingo wa kanga yangu nimfunge taya. Nikaweka kiganja puani: pumzi hamna. "Salehe, baba!" Hakupepesa. Memsabu mwenye nyumba akapiga makofi, na mumetu akainuka, akaketi.

"Ulikuwa wapi wewe?" nikamuuliza.

Akaweka kidole mdomoni.

Wageni wameshaondoka. Wazungu wanaongea, watumishi wanaongea. Salehe hasemi. Mpishi ananambia, "Bibi, anakutania huyo, mchezo umemkolea." Utani gani usiokwisha? Nimemtukana, nimemlilia, nimemfukiza ubani. Anatabasamu tu, ananionyesha kwa mikono kama wale. Na mikono yenyewe, mwanangu, imepoa.

Nisalimie mamako, na shangazi yako mkunga. Mjomba wake Salehe, yule wa mashamba ya chumvi, usimwambie kitu, ni mwepesi wa kulia.

Ni mimi bibi yenu nikupendaye, ingawa nakusema.

Ukifika usingoje kukaribishwa. Ingia, mwite mumeo jina lake mpaka aitike kwa mdomo. Akikujibu kwa mkono, usiutazame.