Saa ya Upande wa Pili

Tunduma, Jumanne usiku

Hii simu nitaitupa.

Tangazo niliandika mwenyewe: leo saa nne asubuhi tunabadilisha makontena ya gemu, yale yanayoendesha mechi kwenye seva tunazokodi mtandaoni. Wachezaji watoke, warudi saa tano.

Nikakaa na chai hadi simu ikasoma saa nne. Bado watu kibao walikuwa ndani, wanacheza. Nikawasubiri kidogo. Hawatoki.

Kawaida tunawaacha wamalize mechi ndipo tuzime kontena la zamani. Leo nikasema hawa ni wabishi, wametangaziwa. Nikazima yote kwa mpigo, nikawasha mapya.

Papo hapo akapiga Neema, bosi wangu wa Dar.

"Hivi uko nchi gani wewe?"

"Niko Tunduma, bosi."

"Basi Tanzania saa tano imeshapita. Umewakata watu katikati ya fainali!"

Nikatazama saa ya ukutani ya mama. Kweli. Simu ilikuwa imenasa mnara wa Nakonde, ng'ambo ya mpaka, ikajirudisha saa moja nyuma, saa za Zambia. Na mimi nimezaliwa hapahapa mpakani, jambo hili nalijua tangu nianze kushika simu.

Makontena mapya yanakwenda vizuri, hayo hayanipi wasiwasi. Fainali itarudiwa kesho. Nimeshaomba radhi.

Ila mchezaji mmoja amenijibu: "Dada, si tulitoka saa nne tukarudi saa tano, kama ulivyosema?"

Wale niliowaita wabishi ndio walionisikiliza.