Ijumaa Isiyofika Magharibi

Jumanne, 11 Machi 1986

Kaka Mbaruk amenipa kidude. Mzungu mmoja wa hotelini alikileta dukani kwake kitengenezwe, mwaka juzi, hakurudi tena. Kikubwa kama kipande cha sabuni. Mbaruk anasema ni kinasa sauti kibovu — hata pa kutia kaseti hapana. "Kichezee, bibi harusi," kasema.

Bibi harusi! Ndoa ni Ijumaa hii, baada ya alasiri. Hilal mtoto wa ami, wa Takaungu. Sina ubaya naye. Ila nimeitwa chuo cha ualimu, mwezi wa tano, na hakuna aliyeniuliza. Nikitaja chuo, mama anauliza kama halua imeagizwa.

Jumatano, 12 Machi 1986

Si kibovu! Kitufe chekundu kinanasa. Cheusi kinarudisha. Na si sauti — ni wakati wenyewe.

Nilibonyeza chekundu nikianza kukuna nazi. Baadaye nikamwaga bakuli zima la tui. Nikabonyeza cheusi kwa hasira tu. Nikajikuta nimekaa kwenye mbuzi, nakuna nazi ile ile, tui halijachujwa seuze kumwagika. Nikamwita mama ajaribu naye. Kabonyeza, kaona, kakaa chini sakafuni. Aliyewahi kubonyeza hasahau kitu, na kidude hurudi kikiwa mkononi mwa aliyekibonyeza. Wengine huanza upya bila habari — shangazi Radhia alikuwa hapo hapo akichambua mchele, hakujua lolote.

Mama kasema nimrudishie Mbaruk, hii si kazi ya binadamu. Nimeitikia. Sijarudisha.

Alhamisi, 13 Machi 1986

Hina mpaka vifundoni. Kalamu inateleza.

Shangazi amenifunza mambo ya kesho. Nitakaa ndani na wanawake. Baba atakuja na mashahidi wawili, aulize kutoka nyuma ya pazia kama nimeridhia. "Wala usijisumbue kujibu, mwanangu. Mwali akinyamaza, ameridhia." Na akilia? Ameridhia kwa haya. Na akicheka? Ameridhia kwa furaha.

Nikacheka mpaka nikalia. Basi nimeridhia mara mbili.

Ijumaa, 14 Machi 1986

Nilibonyeza chekundu baada ya sala ya adhuhuri, nikakifunga kidude kwenye pindo la leso. Baba aliuliza. Neno nilikuwa nalo mdomoni na halikutoka. Shahidi mmoja akasema kimya ni idhini. Basi. Nimeozwa kwa kutosema kitu!

Nilibonyeza cheusi kabla ya halua kuingia.

Ijumaa, 14 Machi — tena

Ukurasa wa leo ulirudi mweupe. Nimeandika yote upya.

Safari hii nilisema sitaki. Nilisema! Shangazi akapiga kigelegele juu ya sauti yangu, wanawake wote wakampokea. Huko nje wakasema alhamdulillahi. Nikabonyeza.

Ijumaa, 14 Machi — tena

Niliinuka. Nikafungua pazia, jambo ambalo mwali halifanyi, nikamtazama baba usoni. Nikamwambia: baba, sitaki kuolewa, nataka kwenda chuo.

Nilidhani atanipiga. Alinitazama muda mrefu, kofia imemkaa upande. Kisha akamgeukia ami. "Ndugu yangu, binti hajaridhia. Ndoa hakuna." Akanigeukia mimi, polepole. "Umefanya vyema kusema, mamangu."

Furaha niliyoipata sijawahi kuipata. Nilitaka kumbusu mkono.

Ghafla niko juu ya mkeka. Watu ndio kwanza wanatoka msikitini. Baba hajaja. Sikubonyeza mimi! Pindo la leso limefunguliwa. Kidude kiko kwa mama: alikichomoa nilipoinuka, akabonyeza yeye.

Ijumaa, 14 Machi — sijui ya ngapi

Baba anasema maneno yale yale, na kila mara ni mara yake ya kwanza. Kila mara mama anayafuta. Baba wa watu hatajua kamwe kwamba alinisimamia mbele ya ndugu yake. Hilo linaniuma kuliko ndoa yenyewe.

Nimejaribu kumnyang'anya. Amekikalia. Nimejaribu kutoka — uani wapishi, barazani wanaume, mlango wa nyuma umezibwa na masufuria ya pilau.

Nimemsihi. Hana ukali hata kidogo. "Wewe utakwenda zako chuo," kasema. "Mimi nitabaki na watu hawa. Watasema nimekulea vibaya mpaka naingia kaburini." Anaongea huku akinyoosha mkeka usio na mkunjo. Macho yake mekundu. Nyumba nzima ni sisi wawili tu tuliochoka. Wengine wote wameoga, wananukia udi, wanangoja harusi.

Nikamuuliza: nyuma ya pazia lako, mama, wewe ulijibu nini?

 Shangazi akaleta kahawa; mama akangoja aondoke.

"Nilisema sitaki," kasema. "Na walisikia wote."

 Nikanyoosha mkono anipe kidude. Hakunipa, wala hakukificha. Amekitoa, amekiweka juu ya mkeka, hapa katikati yetu, kidole gumba bado kiko juu ya cheusi. Naandika huku nakitazama kile kidole; akibonyeza, ukurasa huu nao utarudi mweupe. Ndara za baba zimesimama nje. Anakohoa. Mashahidi wanatoa salamu, na mama hanitazami —