Namba ya Kidoleni

"Mama, mgeni angekuwa na namba hii ungemfanya nini?" Mwanangu Nilda ananiuliza hivyo mbele ya kundi zima la watalii, Herme mwenzangu, hatujafika hata kilele cha siku ya pili ya safari.

Nikamwambia kipimo chake cha oksijeni kibovu. Nimezaliwa huku juu, nimeongoza watalii miaka ishirini. Ugonjwa wa mlimani ni mambo ya watu wa Lima, kule pwani.

"Na wewe umetoka wapi? Miezi minane unalea mjukuu Lima, juzi umeshuka basi, leo uko hapa. Wageni unawalaza Cusco siku mbili kwanza, wazoee hewa ya juu. Wewe je?"

Nikanyoosha kidole.

Akanivisha tena kile kidude. Oksijeni asilimia sitini na nane, na huku juu themanini na kitu ndiyo kawaida. Sitini na nane, Herme.

Don Eusebio, mpagazi wetu, akanitazama. "Mama Nilda, midomo yako imekuwa rangi ya chicha, kinywaji cha mahindi ya zambarau." Hakuna aliyecheka.

"Ungemfanya nini, Mama?"

"Ningemteremsha."

Wala sikuona aibu. Sikuhisi kitu, kama vile tunamzungumzia mtu mwingine. Nikampa Nilda bendera ya kundi, nikamshika don Eusebio mkono, tukashuka.