Gari la Nyuki Mahakamani

3 Machi

Mwanangu mpenzi,

Salamu nyingi kwako na mumeo. Mimi sijambo, ila goti linajifanya ndilo mkuu wa nyumba.

Pikapu yangu iko kituo cha polisi. Jumamosi mchana binamu yako Ngongoti aliichukua uani bila kuniuliza, akaenda na wenzake wawili kuiba pampu za maji kwenye shamba la watu. Hawakujua kwamba nyuma, chini ya turubai, nilikuwa nimepakia mizinga miwili yenye nyuki. Pampu zilipoanza kuigonga, nyuki wakatoka. Polisi hawakumkimbiza mtu. Wezi ndio waliowakimbilia polisi.

Sasa mpelelezi ananiambia mwenye gari naye ana la kujibu. Kama nililitoa nikijua kazi yake, nashtakiwa pamoja nao na gari linachukuliwa na serikali. Lakini nikisema sikumpa, Ngongoti anaongezewa kosa la kuiba gari. Marehemu dada yangu aliniachia mtoto huyu mikononi. Nitasema nilimwazima.

Baba yako

10 Machi

Shikamoo Baba,

Huku tu wazima, pole na goti.

Barua yako niliisomea kazini. Wakili ninayemchapia nyaraka alicheka aliposikia habari za nyuki, kisha akaacha kucheka. Anasema mwenye gari haadhibiwi kwa jambo asilolijua wala kuliruhusu, na gari lake hurudishwa. Ukisema ulimwazima, umejitia kitanzi mwenyewe, maana nani ataamini hukujua anakokwenda? Na gari likichukuliwa, mizinga utaibeba kichwani? Huruma yako naijua, ndiyo iliyonilea. Lakini sema kweli, Baba. Nakupigia magoti, yangu hayaumi.

Binti yako

24 Machi

Shikamoo Baba,

Mbona kimya? Kesi ilikuwa jana na simu yako imezimwa. Jirani anasema ulitoka umevaa koti la harusi. Hilo koti linanitisha.

Binti yako

25 Machi

Mwanangu,

Marahaba. Ni mzima, na koti bado linanienea.

Nilisema uongo. Niliapa kabisa, nikasema nilimwazima. Mwendesha mashtaka, yule mama mteja wangu wa asali, akanitazama juu ya miwani. "Mzee, mwaka juzi niliazima gari hilo kuhamisha vyombo. Ulininyima ufunguo mpaka nivae kofia ya wavu, na mizinga iliyokuwamo ilikuwa mitupu. Huyu mpwa wako ulimwachaje aende uso wazi kwenye nyuki wazima?"

Ndipo Ngongoti akasimama bila kuitwa.

"Mheshimiwa, mjomba anadanganya. Gari nililiiba, na angejua angenizuia. Msimguse."

Hakimu alinikaripia kama mwanafunzi mtoro, akaamuru nirudishiwe gari langu. Ngongoti, kwa kusema kweli, atafagia hospitali miezi minane badala ya kwenda jela.

Nimeitwa mwongo mbele ya ukumbi mzima, na mtoto niliyemlea mwenyewe. Nililia kwa furaha, mwanangu, na sikuona haya.

Baba yako