Miaka Yangu Aliyoizuia Mjomba Wabwile

Kimilili,
Julai 1950

Kwa kaka yangu Bramwel,

Pokea salamu kutoka nyumbani, kwa Mama, kwa Agneta na kwangu mimi. Natumaini barua hii itakukuta una nguvu huko Kitale, na kwamba baridi haijakusumbua kifua. Sisi tu wazima. Mvua imetosha, mahindi yamebeba, na ng'ombe wa Mama amezaa. Mimi nami ni mzima, vilevile ulivyoniacha ulipokwenda vitani, na hapo ndipo hasira yangu inapoanzia.

Agneta, niliyemtangulia kuzaliwa, ameolewa na ana mtoto. Juzi alikuja na mumewe. Shemeji akanishika kichwa, akanituma maji ya kunawa, kisha akasema ati kijana huyu ana adabu. Nikaleta maji. Ningefanya nini, na sauti yangu bado nyembamba, na shati uliloninunulia ulipokuwa ukiondoka bado linanitosha? Kila msimu wa tohara nimevaa njuga, nikacheza njia nzima hadi kwa Mjomba Wabwile kuomba nyama, maana asiyevishwa nyama shingoni na mjomba wake hatahiriwi. Kila msimu Mjomba ameniangalia kutoka juu hadi chini, akasema bado, nirudi nyumbani. Vijana wa rika langu wana wake sasa. Mimi nakula na watoto.

Wewe unamjua Mjomba. Tangu akiwa mtoto wa kuchunga ng'ombe aliweza kuweka kiganja juu ya kibuyu cha maziwa, na maziwa yasichache hata wiki ipite. Lakini muda aliouzuia ilibidi auweke mahali, kwa hiyo ndizi za jirani ziliiva kabla ya adhuhuri. Watu walimjia kutoka Bungoma yote. Kisha mzungu mmoja wa Kitale akamchukua shambani kwake. Mahindi ya bwana huyo yalikauka wakati ya wenzake yanachanua, akauza wa kwanza, akanenepa. Na muda wa kuyakausha ulitoka wapi? Kwa Mjomba mwenyewe. Alirudi ana mvi, mgongo umepinda, naye ni mdogo wake Mama. Wageni humdhania babake. Alipewa blanketi, akashukuru. Mtu anayeamuru majira amalize ujana wake kwenye mahindi ya mwingine, apewe blanketi.

Jumapili iliyopita nilikataa kurudishwa. Nilikaa mlangoni pake na njuga zangu, nikamwambia sitoki mpaka anionyeshe kosa langu. Alilia kwanza. Halafu akasema sina kosa. Akanieleza kwamba mwaka ule wa arobaini na nne, muda mfupi baada ya wewe kuondoka, askari mmoja aliyekuja likizo alimwambia Mama kuwa amekuacha hospitalini Burma, tumbo limepasuliwa, madaktari wamekata tamaa. Mama, huyu Mama anayeimba mstari wa mbele kanisani, akakimbia kwa ndugu yake kumwomba akuongezee siku. Mjomba akasema zake zimeishia Kitale. Mama akatoa za kwake, Mjomba akazikataa, ati miaka ya kukua ndiyo inayofunga kidonda. Basi wakanitazama. Nilikuwa nje nafunga ndama. Mjomba akaja akaniwekea kiganja kichwani, nami nikadhani ananibariki.

Hakuna aliyeniuliza. Hilo ndilo linaloniuma kuliko yote, maana wangeniuliza ningekubali.

Kwa hiyo tumbo lako lilifungwa na miaka yangu. Na sasa Festus, yule anayeendesha lori la mahindi, anatuletea habari kwamba unashinda kwenye vilabu vya pombe karibu na stesheni, kwamba nyumbani hutaki hata kusikia pakitajwa, na kwamba ukilewa unasema afadhali ungekufa Burma. Acha maneno hayo, Bramwel. Huna ruhusa ya kuyasema. Siku hizo unazolala mtaroni ni ndevu zangu, ni mke wangu, ni watoto ambao Agneta amenitangulia kuwapata.

Mjomba amechoka kunidanganya. Amesema kidonda chako kimeshafunga, kwa hiyo atachinja fahali Agosti hii na kunivisha nyama, na kuanzia siku hiyo nitakua kama watu. Aliniuliza pia kama nataka ile miaka aliyokupa irudi kwangu. Anaweza kuirudisha, lakini wewe utarudi pale ulipokuwa, juu ya kitanda cha hospitali. Nilitamani kusema ndiyo, sitakuficha. Kisha nikamwambia akuachie.

Mama anakusalimu sana, na hajui kwamba nimeambiwa. Usimwambie. Agneta naye anakusalimu, anataka umwone mwanawe. Njoo Agosti. Siku ya kisu nitasimama bila kupepesa jicho, na nataka wewe ndiye usimame mbele yangu, umenawa uso, hujaonja pombe, ili niione miaka yangu imesimama kwa miguu yake.

Ni mimi mdogo wako,
Absalom