Do ya Juu Haitoi Sauti

Dada yangu kipenzi,

Mimi mzima, biashara inachechemea lakini haijalala. Nilinunua kinanda cha mtumba nikiuze, kumbe nimeuziwa mbuzi kwenye gunia: do ya juu bubu!

Jana nikakijaribu kando ya kitanda cha Mama. Do, re, mi, fa, so, la, ti... kimya. Si unakumbuka alivyoifokea kwaya yake? "Ti na do ni nusu hatua tu, mnaniacha mlangoni kwa nini?"

Basi Mama, ambaye tangu apooze hajatoa hata neno, akanikazia jicho akaimba, "Do!" Nikarudia. Akaimba tena, kwa hasira kabisa!

Kinanda siuzi. Najua unaogopa kupiga simu kwa sababu hajibu. Wewe piga, mwimbie mpaka ti, halafu unyamaze.

Mdogo wako,
mchuuzi asiyeuza